SOMO LA JUMA: ASKARI ARUDIPO NYUMBANI KWAKE

Somo letu la juma hili si la kilimo wala la mifugo, bali ni la nyumba ya mtu. Wasomaji wengi, wa mashambani na wa mijini, wana babu au jamaa aliyepata kuvaa mavazi ya Keya, yaani jeshi la King's African Rifles, na wengine wana watoto walio jeshini hata leo. Habari za vita wamezisikia mara nyingi: mizinga, meli, mito iliyovukwa usiku, na nishani. Lakini iko safari moja ambayo wazee hao hawapendi kuisimulia, nayo kwa maili ni fupi sana. Ni ile ya kutoka kituo cha gari la moshi mpaka mlango wa nyumba. Watu waliostahimili mengi ng'ambo walitaabika hapo, na wake zao wakataabika pamoja nao, wala hapakuwa na mtu wa kuwafundisha la kufanya.

Kwanza na tukumbuke mambo yalivyokuwa. Vita vikuu vya pili vilianza mwaka wa 1939, na kabla havijakwisha Kenya peke yake ilikuwa imetoa watu zaidi ya 90,000 kwa kazi za jeshi, wengine kwa hiari yao na wengine kwa kulazimishwa. Walipigana na Waitalia katika Abyssinia mpaka Gondar ilipoanguka mwezi wa Novemba 1941. Mwaka wa 1942 wengine wakapelekwa Madagascar, kisha Ceylon, na kutoka huko Burma kuwapiga Wajapani. Divisheni ya 11 ya Afrika ya Mashariki, ambayo alama yake ilikuwa kichwa cha kifaru, iliteremka katika bonde la Kabaw wakati wa mvua kubwa za mwaka 1944, katika matope na homa, ikafika Kalewa penye mto Chindwin mwezi wa Desemba. Wengine hawakupata hata kumwona adui. Tarehe 12 Februari 1944 meli Khedive Ismail, iliyokuwa imetoka Mombasa kwenda Colombo, ilipigwa na nyambizi ya Wajapani karibu na visiwa vya Maldives, ikazama kwa dakika chache. Watu 1,297 walikufa, na miongoni mwao walikuwa askari wengi wa mizinga wa Afrika ya Mashariki.

Yapasa tuyajue hayo, kwa maana mwanamke aliyeachwa nyumbani hakuyajua. Yeye alijua tu kwamba mumewe amekwenda, na kwamba mwezi huu barua imekuja au haikuja.

Na barua yenyewe ilikuwa kitu kigumu. Askari asiyejua kuandika alimwomba mwenzake amwandikie. Ikiisha kuandikwa, ilisomwa na afisa ili ionekane kama haina siri ya jeshi. Ikifika kijijini, mke asiyejua kusoma aliipeleka kwa mwalimu wa shule au kwa mtoto wa jirani. Basi maneno ya mume kwa mkewe yalipita katika vinywa na macho ya watu watatu wengine kabla ya kumfikia. Ni nani atakayesema la moyoni kwa njia hiyo? Ndiyo sababu barua nyingi za wakati ule zilikuwa orodha ya salamu, na habari za ng'ombe, kodi na mvua. Mume alipouliza, “Je, ng'ombe yule mwekundu amezaa?” huenda alitaka kuuliza, “Je, wewe bado waniwaza?” Na mke alipojibu kwamba ng'ombe amezaa, hakujua kwamba ameulizwa jambo jingine.

Wengine walikaa hivyo miaka miwili, wengine mitatu au minne. Kijana aliyeondoka wiki chache baada ya arusi alirudi mtu mzima, naye alimkuta mtu mzima.

Vita vilikwisha mwaka wa 1945, na katika mwaka huo na miwili iliyofuata askari wakaachishwa kazi makundi kwa makundi. Aliyerudi alikuja na koti, blanketi na viatu, na kitabu cha akiba ya Posta. Alikuja pia na mambo yasiyofungwa katika mfuko: desturi ya kula kwa saa, ya kunywa chai yenye sukari kila asubuhi, ya kulala na sikio moja likiwa macho, na ya kutoa amri moja ikatiiwa bila swali. Alikuwa amekwisha kuiona miji ya India. Alikuwa amemwona Mzungu akilia kwa hofu na Mwafrika akimfunga jeraha. Bwana Bildad Kaggia na Bwana Waruhiu Itote, ambao wote wawili walikuwa jeshini, waliandika baadaye jinsi vita vilivyowabadili fikira zao, na njia yao katika siasa za Kenya inajulikana. Lakini hilo ni somo la siku nyingine. Sisi tumo nyumbani.

Tuseme yuko askari mmoja, koplo, amerudi mwaka wa 1946. Hatutamtaja jina, maana walikuwa wengi. Ameshuka garini akapanda lori, na mwendo wa mwisho akaenda kwa miguu. Mbwa wa nyumba yake amembwekea. Mtoto wake, ambaye alimwacha tumboni, amekimbilia nyuma ya mama yake. Majirani wamekuja, pombe imenywewa, wazee wamembariki, na jua limekuchwa. Ndipo mtoto akauliza kwa sauti ambayo watu wote waliisikia, “Mama, mgeni huyu atalala wapi?”

Watu wakacheka. Yule baba pia alicheka, lakini hakusahau.

Sasa na tumtazame mke. Katika mwaka wa 1943 mahindi yalipungua sana katika nchi, na sehemu nyingi zikaona njaa. Mwanamke huyu alilima muhogo mahali palipokuwa pa malisho, aliuza mbuzi wawili pasipo ruhusa ya mtu, na alisimama mbele ya chifu kumshtaki jirani aliyesogeza mpaka wa shamba. Alishinda. Kabla ya vita hakupata kusema neno barazani. Kwa hiyo mumewe aliporudi nyumbani palikuwa na wakuu wawili, na kila mmoja alikuwa amejifunza ukuu wake katika shida.

Asubuhi ya siku ya tatu koplo alizunguka shamba, akarudi uso umekunjamana.

“Mama Watoto, ni nani aliyesema muhogo upandwe pale?”

“Ni mimi, Baba Watoto.”

“Na mbuzi?”

“Tuliwala kwa njia ya mahindi. Niliwauza.”

“Mimi sikuambiwa.”

Mke akanyamaza. Angeweza kusema kwamba alimwambia katika barua, na kwamba huenda karani aliona si habari ya maana asiiandike. Angeweza kusema kwamba mtoto alikuwa amevimba miguu kwa njaa. Lakini alikuwa amezoea kunyamaza mbele ya mume, na desturi hiyo ilimrudia kabla hajafikiri. Koplo naye alizoea kwamba askari akinyamaza mbele ya mkubwa wake amekubali kosa. Hivi ndivyo ukimya mmoja ulivyosomwa kwa namna mbili. Mwandishi amesikia mabaraza mengi ya mume na mke, naye aona kwamba nusu ya mashauri hayo yalianza kwa neno ambalo halikusemwa.

Tena lilikuwako shauri la fedha, nalo lataka kuelezwa vizuri kwa sababu liliharibu nyumba nyingi kuliko uzinzi. Askari aliweza kuagiza kwamba sehemu ya mshahara wake ilipwe nyumbani kila mwezi. Fedha hizo zilipitia ofisi ya D.C., na mtu aliyeandikwa jina ndiye aliyekwenda kuzipokea. Mpango ulikuwa mwema. Walakini jina gani liandikwe? Askari wengi, kwa heshima, waliandika jina la baba, au la kaka mkubwa, wakitumaini kwamba mzee atamgawia mke kama ipasavyo. Wazee wengine walifanya hivyo kwa haki. Wengine waliona kwamba fedha za mwana ni fedha za baba, wakanunua ng'ombe, au wakaoa mke mwingine. Mwanamke aliona tu kwamba mavyaa wake ana kanga mpya na yeye anaomba chumvi. Huko Burma mume aliamini kwamba mkewe anapata fedha kila mwezi, naye mke aliamini kwamba mumewe amemsahau.

Hata pale mke alipoandikwa jina, ziko taabu. Alitembea maili nyingi kwenda bomani, na huko jina lililoandikwa jeshini halikulingana na jina alilolitaja. Alirudi mikono mitupu, akaenda tena mwezi wa pili. Aliporudi mume na kuhesabu, “Kila mwezi nilikatwa shilingi kadha wa kadha, na miezi ni mingi, ziko wapi?” mke hakuwa na stakabadhi hata moja. Wengine walipigwa kwa ajili ya fedha ambazo hawakuziona kwa macho.

Twaandika haya bila kumlaumu mzee wa mtu yeyote. Mzee naye alimlea yule kijana, na kwa kawaida za zamani alikuwa na haki ya kutazamiwa. Kosa lilikuwa kwamba watu watatu walikuwa na haki katika fedha zile, na hapakuwa na baraza la kuwakutanisha wote watatu mpaka chungu kilipokwisha kuvunjika.

Sasa twafika penye jambo zito. Askari wengine walirudi wakakuta nyumbani mtoto ambaye miezi yake haikubali kuhesabiwa. Gazeti la heshima haliwezi kulipita jambo hili kama halikuwako, kwa kuwa mashauri ya namna hii yalijaa katika mabaraza ya wazee katika miaka ile baada ya vita. Hata kabla ya kurudi, wako askari waliosikia uvumi kutoka nyumbani wakawaomba maafisa wao wamwandikie D.C. ili achunguze mwenendo wa wake zao. Hebu fikiri: mtu yuko handakini katika mvua, akitafuta habari za nyumba yake kwa ofisi ya Serikali.

Desturi za jamaa nyingi za Kenya zilikuwa na jibu kwa jambo hili, nalo ni jibu la busara kuliko watu wengi wa leo wanavyodhani. Mtoto azaliwaye katika nyumba ambayo mahari yake imelipwa ni mtoto wa mwenye mahari. Hakuulizwa damu yake ni ya nani. Yule mwanamume mwingine alitozwa faini ya mbuzi au ng'ombe, mambo yakaisha, na mtoto akapata baba, shamba na jina. Wazee walijua kwamba mtoto hakuomba kuzaliwa. Lakini askari aliyekwisha kukaa na watu wa dini nyingine na nchi nyingine mara nyingi hakutaka jibu hilo. Alisema, “Hiyo ni sheria ya zamani,” akamfukuza mama na mtoto, akadai mahari irudishwe. Baba wa mwanamke alikuwa amekwisha kuyatumia yale mahari kumwoza mwanawe wa kiume. Hapo nyumba mbili, pengine tatu, zilivunjika kwa siku moja.

Mwandishi haoni kwamba ni haki mambo haya kutazamwa kwa jicho moja. Askari hawakukaa kama watawa. Kambini Mombasa na Nairobi, na katika miji ya ng'ambo, wako waliokwenda kwa wanawake wa njiani, na wako waliomletea mke maradhi aliyokuwa hana. Waganga wa jeshi waliwatibu wengi. Mume akiuliza, “Ulikuwa na nani?” na ikiwa yeye hataki kuulizwa neno lilo hilo, basi huyo haulizi kwa kutaka kujua bali kwa kutaka kuhukumu. Lakini pia si vema kila siri itolewe usiku wa kwanza. Mzee mmoja wa baraza alipata kusema mbele yangu kwamba jipu hupasuliwa likiiva, na nadhani alikuwa amewaona wanandoa wengi waliopasua mapema wakabaki na kidonda.

Tukitazama nyuma zaidi, twaona kwamba watu wa kale hawakumwachia mpiganaji aingie nyumbani mwake moja kwa moja. Bwana A. C. Hollis, ambaye kitabu chake juu ya Wanandi kilipigwa chapa mwaka wa 1909, aliandika kwamba Mnandi aliyeua mtu wa kabila jingine alipaka upande mmoja wa mwili wake rangi nyekundu na upande wa pili nyeupe. Kwa siku nne hakuweza kwenda kwake. Alijenga kibanda kidogo kando ya mto akakaa humo, wala hakumkaribia mkewe, na vyakula vyake vilikuwa vichache vilivyochaguliwa. Siku ya nne ilipokwisha alikunywa dawa ya gome la mti ya kumsafisha tumbo, na maziwa ya mbuzi yaliyochanganywa na damu. Ndipo alipokuwa mtu wa nyumbani tena.

Wasomaji Wakristo watalikuta jambo linalofanana na hilo katika Hesabu, sura ya 31, ambapo waliotoka vitani waliamriwa kukaa nje ya kambi siku saba na kujitakasa. Tena katika Kumbukumbu la Torati, sura ya 24, mume aliyeoa karibuni ameachiliwa asiende vitani mwaka mzima, ili akae nyumbani na kumfurahisha mkewe. Nao Waislamu wanayo masimulizi ya Khalifa Umar bin Khattab. Yasimuliwa kwamba alikuwa akizunguka Madina usiku, akamsikia mwanamke akilia kwa upweke kwa kuwa mumewe yuko vitani. Akaenda kwa binti yake Hafsa akamwuliza mwanamke aweza kustahimili muda gani bila mumewe. Baada ya jibu lake Khalifa akaweka mpaka wa muda wa askari kukaa mbali na nyumbani. Wengine husimulia kwamba ni miezi minne, wengine sita. Neno lipendezalo katika masimulizi hayo ni kwamba mtawala mkubwa alimwuliza mwanamke.

Askari wa mwaka 1946 hakupata lolote katika haya. Alipimwa na daktari, alitia kidole gumba katika karatasi, akapewa haki zake, akapandishwa garini. Asubuhi moja alikuwa koplo, na jioni yake alikuwa mume. Siku nne za kando ya mto hakupewa. Katika jamaa nyingine wazee walichinja mbuzi na kufanya utakaso kwa siri, ijapokuwa walimu wa dini walikataza. Mwandishi ni mtu wa kanisa, lakini hana ujasiri wa kusema kwamba mbuzi wale walikufa bure.

Maana usiku ulikuwa na mambo yake. Wake wengi wa askari waliona jambo walilolificha hata kwa mama zao: mume huamka akipiga kelele, au hutambaa sakafuni, au humshika mkewe koo kabla hajafumbua macho, kisha hukaa mlangoni mpaka kuche. Mchana hukasirika kwa kitu kidogo, kama chungu kilichoanguka. Majirani walisema amerogwa, au kwamba roho za waliouawa zimemfuata. Huko Ulaya katika vita vya kwanza jambo lilo hilo liliitwa mshtuko wa mizinga. Daktari Mwingereza Charles Myers aliandika juu yake mwaka wa 1915. Na mwaka wa 1980 waganga wa Marekani waliliandika rasmi katika kitabu chao cha magonjwa ya akili kuwa ni ugonjwa unaofuata mambo ya kutisha. Si woga, si wazimu, na si ubaya wa tabia. Aweza kuupata askari hodari, na waweza kuanza miezi mingi baada ya vita kwisha.

Kwa mke wa mtu wa namna hiyo liko shauri dogo lenye faida kubwa. Mume akiota vibaya, usimwamshe kwa kumshika. Simama mbali kidogo, upande wa miguu, umwite kwa jina lake kwa sauti ya kawaida, na kama ipo taa iwashwe. Akiisha kuamka umwambie mahali alipo. Usimwulize ameota nini. Akitaka kusema atasema, pengine mwaka wa kumi. Na mume akijua kwamba ana shida hii, si aibu yeye mwenyewe kumwambia mkewe mchana, “Nikilala usinishike ghafula.” Kama usingizi umemkimbia majuma mengi, au mkono wake umeanza kuinuka juu ya mke na watoto, basi hapo pana haja ya mganga wa hospitali, kwa maana maradhi haya yana matibabu, na kupiga mke si dawa yake.

Habari ya pombe na ya akiba zilizokwisha twaipita upesi, kwa sababu kila msomaji aijua. Fedha za miaka minne ziliweza kwisha kwa miezi minne. Wengine walifungua maduka, wengine waliungana kununua lori, na wengi walipata hasara, kwa kuwa bidhaa zilikuwa chache na ghali, na leseni zilikuwa taabu kupatikana.

Lakini palikuwa pia na kazi njema. Jeanes School ya Kabete, iliyofunguliwa mwaka wa 1925 kwa mafundisho ya walimu wa vijijini, ilipokea baada ya vita watu waliotoka jeshini, na jambo lililokuwa jema kuliko yote ni kwamba mume aliweza kwenda pamoja na mkewe. Yeye alifundishwa kazi yake, na mke alifundishwa ya kwake, na jioni walikuwa na habari za kuambiana. Yaonekana jambo dogo. Lakini kwa watu waliotengwa na vita, kuanza jambo jipya siku moja, wote wawili wakiwa wageni, ni bora kuliko mmoja kumkaribisha mwenziwe katika nyumba aliyoijenga peke yake.

Katika Kenyatta Avenue mjini Nairobi, barabara iliyoitwa zamani Delamere Avenue, imesimama sanamu ya shaba ya wanaume watatu, iliyozinduliwa mwaka wa 1928 kuwakumbuka askari na wapagazi wa vita vya 1914 mpaka 1918. Mwandishi hupita hapo mara kwa mara. Wapagazi wale walikufa kwa makumi ya maelfu, na mishahara ya wengi wao haikuwafikia jamaa zao kamwe. Kila nipitapo huwaza kwamba pale palikosa mtu wa nne, mwanamke mwenye jembe, akitazama njia.

Msomaji aweza kusema kwamba hayo ni ya kale. Sivyo. Majeshi ya Kenya yaliingia Somalia mwezi wa Oktoba 2011, na tangu hapo vijana wetu wamekwenda na kurudi. Mengine yamekuwa mepesi: tangu mwaka wa 2007 mtu aweza kumpelekea mkewe fedha kwa simu ya mkononi, zikamfikia yeye mwenyewe bila kupitia kwa baba wala kwa karani. Lakini simu hiyo hiyo humpelekea askari ugomvi wa nyumbani usiku ule ule akiwa zamu, na humletea mke habari za mapigano kabla hajajua kama mumewe yu hai. Zamani waliteswa kwa kutojua. Sasa wengine huteswa kwa kujua nusu. Kwa hiyo wale walio na jamaa jeshini na wapatane mapema, kabla ya kuondoka, ni habari gani zipelekwe na zipi zingoje. Na akirudi apewe siku chache bila wageni wengi, bila kudaiwa ada na bila kupelekewa mashauri ya mashamba. Mke naye asipokonywe siku moja kazi alizozifanya miaka yote. Zirudi kwa mume moja moja, na nyingine zisirudi.

Na tumrudie yule koplo wetu. Kwa majuma sita aliishi nyumbani kama mtu akaguaye kambi. Siku moja mvua ilinyesha, hakuna kazi ya shamba. Alitoa kitabu chake cha akiba ili ahesabu tena fedha zile alizokatwa, na safari hii alimwita mkewe kwa utulivu. Mke aliingia ndani akarudi na kijiti kilichotiwa alama kwa kisu.

“Hiki ni nini?”

“Kila nilipokwenda bomani nikapewa fedha, nilitia alama upande huu. Kila nilipokwenda nikarudi mikono mitupu, nilitia upande huu mwingine.”

Koplo akakigeuza kijiti. Upande wa pili ulikuwa na alama nyingi kuliko wa kwanza. Akazihesabu kwa kidole, polepole, kisha akahesabu tena.

“Ulikwenda mara zote hizi kwa miguu?”

“Na mtoto mgongoni, Baba Watoto.”

Alinyamaza kitambo, akisikiliza mvua. Kisha akauliza, “Mwaka ule wa njaa, mlikula nini hasa?” Mke akaketi akaanza kumweleza, tangu siku mahindi yalipokwisha ghalani. Yalikuwa maneno marefu. Alipomaliza giza lilikuwa limeingia, na yeye koplo, bila kuulizwa, akaanza kusema habari za mto mmoja mpana wenye maji ya rangi ya udongo, na za rafiki yake aliyebaki huko.